Muziki: Mwaka wa 1985 nusura Kiswahili kiimbwe Los Angeles. Na Bweremana tulisikiliza nini?

Ukishuka kwenye boti Bweremana, mara nyingi kinachokupokea kwanza si mtu, ni muziki. Kuna spika ndogo ya kijana anayejaza nyimbo kwenye simu za watu, kuna redio ya mama anayeuza sambaza, kuna mwenye chukudu ambaye simu yake inaimba mfukoni huku yeye anasukuma mzigo. Nyimbo nyingi ni za leo, za Goma, Kinshasa na Dar es Salaam. Halafu bila kutarajia inaingia saksofoni ambayo kila mtu anaijua hata kama hajui jina la wimbo wala la mwimbaji. Watu wazima wanatikisa kichwa. Ni « Careless Whisper » ya George Michael, wimbo wa miaka 40 iliyopita.

Nimejiuliza mara nyingi wimbo huo ulifikaje huku kwetu, kati ya ziwa Kivu na milima ya Masisi, na kwa nini haujaondoka. Jibu linarudi kwenye mwaka mmoja, 1985. Katika mwaka huo wimbo uliotungwa kwa ajili ya Waafrika wenye njaa ulishika namba moja kwenye redio za Marekani, na kidogo tu ungekuwa na maneno ya Kiswahili ndani yake.

Tuanze na hiyo namba moja. Gazeti la Marekani linaloitwa Billboard limekuwa likihesabu nyimbo kwa miaka mingi. Tangu tarehe 17 mwezi wa saba 1961 linatoa pia orodha ya pekee kwa ajili ya redio za watu wazima, yaani redio ambazo hazitaki kelele za vijana wala gitaa la kupasua masikio. Ni muziki wa kusikilizwa ofisini, jikoni, ndani ya gari mtu akirudi kazini. Kwetu watu wamezoea kuziita slo, ingawa si zote ni za polepole. Zamani orodha hiyo ilitegemea ripoti za redio zenyewe: kila kituo kilisema kinapiga nini, na gazeti likapanga.

Mwaka wa 1985 orodha hiyo ilikuwa tajiri. « Careless Whisper » ilikaa juu mwanzoni mwa mwaka. Phil Collins alifika na « One More Night », na mwisho wa mwaka akarudi pamoja na Marilyn Martin kwa wimbo wa filamu « White Nights ». Filamu hiyohiyo ikampa Lionel Richie « Say You, Say Me », nao ukafika kileleni. Whitney Houston, ambaye albamu yake ya kwanza ilitoka mwaka huo, alipanda na « Saving All My Love for You ». Kundi la Kool & the Gang likashika nafasi ya kwanza na « Cherish », wimbo ambao mpaka leo arusi nyingi haziishi bila huo. Stevie Wonder alikuwemo pia na « Part-Time Lover ». Hata muziki usio na neno hata moja ulipita: « Axel F » ya Harold Faltermeyer, Mjerumani, ni vinanda vya umeme mwanzo hadi mwisho.

Kati yao kulikuwa na wenye damu ya huku. Sade, aliyeongoza na « Smooth Operator », alizaliwa Ibadan, Nigeria, baba yake Mnigeria, mama yake Mwingereza. Billy Ocean, wa « Suddenly », alizaliwa Trinidad. Huyo Billy Ocean ana kisa kimoja kinachonichekesha kila nikikikumbuka. Mwaka mmoja kabla, alirekodi wimbo wake mkubwa kwa majina tofauti: malkia wa Karibi kwa soko moja, malkia wa Ulaya kwa soko jingine, na malkia wa Afrika kwa ajili yetu. Mapigo yaleyale, mwanamke yuleyule, kinachobadilika ni bara tu. Wafanyabiashara wa muziki walijua kwamba Afrika ni soko.

Ila mwaka ule Afrika haikutajwa sana kama soko. Ilitajwa kama njaa.

Tarehe 23 mwezi wa kumi 1984, televisheni ya BBC ilionyesha picha kutoka Korem, kaskazini mwa Ethiopia: maelfu ya watu wamelala chini alfajiri kwenye baridi, watoto wamebaki mifupa. Sauti ilikuwa ya mwandishi Michael Buerk. Aliyeshika kamera alikuwa Mohamed Amin, mtoto wa Nairobi aliyekulia Kenya na Tanganyika. Wengi hulisahau jina hilo. Ulaya na Marekani zilipolia mbele ya televisheni, zilikuwa zinatazama kwa jicho la Mwafrika wa Mashariki. Amin alipoteza mkono mmoja Addis Ababa mwaka wa 1991, wakati ghala la silaha lilipolipuka, na akafa mwaka wa 1996 katika ndege ya Ethiopian Airlines iliyotekwa nyara na kuanguka baharini karibu na Komoro.

Picha zake zilizaa nyimbo. Uingereza walitangulia, mwezi wa 12 mwaka wa 1984, chini ya Bob Geldof. Marekani, mzee Harry Belafonte akasema haiwezekani Waingereza waimbe na Wamarekani weusi wakae kimya. Michael Jackson na Lionel Richie wakatunga, Quincy Jones akasimamia. Usiku wa tarehe 28 mwezi wa kwanza 1985, baada ya sherehe za zawadi za muziki mjini Los Angeles, nyota zaidi ya 40 waliingia studio moja na kutoka asubuhi. Kwenye mlango Quincy Jones alikuwa amebandika karatasi ya kuwaomba waache majivuno nje.

Usiku huo ndipo jambo letu lilipojitokeza, na filamu iliyotolewa mwaka wa 2024 kuhusu usiku huo imelionyesha wazi. Katikati ya kazi, watu wamechoka, Stevie Wonder akatoa wazo kwamba waweke maneno ya Kiswahili ndani ya wimbo. Kwa kuwa wanaimbia Afrika, basi wasikike Kiafrika. Studio ikachanganyikiwa. Wengine walikubali, wengine hawakujua hata watayatamkaje. Waylon Jennings, mwimbaji wa muziki wa kikantri, akatoka nje. Geldof, ambaye alikuwa ametoka kuitembelea Ethiopia, akawaambia ukweli mdogo uliomaliza mjadala: Waethiopia hawasemi Kiswahili.

Ni kweli. Huko Korem mama angeelewa Kiamhara au Kitigrinya, si lugha yetu. Kiswahili kikatolewa, wimbo ukabaki Kiingereza kitupu, ukaitwa « We Are the World ».

Nina maoni mawili juu ya kisa hiki, na hayapatani. La kwanza: Geldof alikuwa na haki. Kuchukua lugha ya mtu mmoja na kuivisha mwingine kama kofia, eti kwa sababu wote ni weusi, ni kutomwona yule unayemsaidia. Miaka miwili baadaye Michael Jackson alifanya hivyohivyo: katika albamu yake ya 1987, wimbo wa msichana wa Liberia unafunguliwa na maneno ya Kiswahili ya mapenzi, yakisemwa na Letta Mbulu wa Afrika Kusini. Liberia na Kiswahili ni wapi na wapi? Lakini la pili: hoja hiyohiyo ingeweza kutumiwa kwa Kiingereza. Yule mama wa Korem hakujua Kiingereza pia. Hakuna aliyetoka studio kwa sababu hiyo. Wimbo haukuwa unamwimbia yeye, ulikuwa unawaimbia wenye dola. Kwa hiyo lugha iliyofaa ilikuwa ya wenye dola, na Stevie Wonder, kwa kukosea kwake, peke yake alikuwa amekumbuka kwamba yule anayeimbwa naye ana masikio.

Tena ndani ya studio ile Kiswahili hakikuwa mgeni kabisa. Belafonte, mwenye wazo lenyewe, alikuwa ametoa albamu na Miriam Makeba mwaka wa 1965, na ndani yake kuna « Malaika », kwa Kiswahili. Albamu hiyo ilipata zawadi ya Grammy. Miaka 20 kabla ya usiku ule, Wamarekani walikuwa wameshanunua Kiswahili na kukipenda, bila kukitafsiriwa.

Wimbo ulitoka mwezi wa tatu. Ijumaa Kuu, tarehe 5 mwezi wa nne, maelfu ya redio duniani ziliupiga saa moja kwa wakati mmoja. Ukakaa namba moja Marekani kwa wiki nne, na kwenye orodha ya redio za watu wazima pia ukafika juu, kati ya Phil Collins na wimbo wa DeBarge wa kucheza usiku. Kwa miaka iliyofuata ulikusanya zaidi ya dola milioni 60.

Sasa tuvuke bahari turudi nyumbani. Mwaka wa 1985 Bweremana ilikuwa Zaïre, mkoa wa Kivu, ambao bado ulikuwa mmoja na makao yake Bukavu. Kivu Kaskazini ilizaliwa baadaye, mwaka wa 1988. Mtu aliyekuwa na redio ya mapile kando ya ziwa alikuwa na njia nyingi za kusikia dunia kuliko tunavyodhani leo. Kulikuwa na La Voix du Zaïre. Radio Rwanda ilivuka maji bila kuomba visa. Deutsche Welle ilikuwa na mitambo yake Kigali, kwa hiyo Kiswahili chake kilisikika safi kama jirani anaongea. BBC na Sauti ya Amerika zilikuja na mawimbi yanayopanda na kushuka, mtu akizungusha antena. Na tangu mwaka wa 1981 kulikuwa na Africa N°1 kutoka Libreville, ambayo ilichanganya muziki wa Afrika na wa ng'ambo. Kwa njia hizo slo za Marekani na Ulaya zilifika mpaka kwenye nyumba za udongo.

Lakini namba moja yetu ilikuwa nyingine kabisa, na hakuna gazeti lililoihesabu. Mwaka huo Franco na TPOK Jazz walitoa « Mario ».

Kama kuna wimbo wa watu wazima, ni huo. Si wa kijana anayemlilia msichana. Ni habari ya kijana mwenye masomo ambaye anaishi kwa mwanamke tajiri aliyemzidi umri, anavaa kwa pesa ya mama, anatembelea gari la mama, halafu anamsumbua. Franco hana haraka, anasimulia kwa zaidi ya dakika kumi, anahubiri, anacheka, gitaa zikizunguka kama watu wa kijiji waliokaa kusikiliza kesi. Jina la Mario likawa neno la kawaida: mpaka leo ukimwambia kijana kwamba ni Mario, haulizi maana yake. Hakuna wimbo wa orodha ya Billboard wa mwaka ule uliofanya hivyo, wa kuacha neno jipya mdomoni mwa watu.

Wimbo huo ulikuwa wa Kilingala, na Bweremana watu wengi walikuwa wanasema Kihunde, Kihavu, Kinyarwanda na Kiswahili. Kilingala kilikuwa lugha ya askari na ya muziki. Hata hivyo waliuelewa, kwa sababu habari ya Mario ilikuwepo mtaani kwao. Yule mama wa Korem hakupata bahati ya namna hiyo.

Na kuhusu njaa ya Ethiopia, Waafrika hawakungoja Los Angeles wawaimbie. Manu Dibango wa Cameroun aliwakusanya wanamuziki wa Afrika waliokuwa Paris, Ray Lema wa kwetu akiwemo, wakatoa « Tam-Tam pour l'Éthiopie ». Uliza leo sokoni nani anaukumbuka. Wafaransa nao waliimba « SOS Éthiopie », maneno ya Renaud, na pesa zikaenda kwa Madaktari Wasio na Mipaka.

Hapo pesa ya wimbo inakutana na jambo gumu. Ethiopia haikuwa na ukame tu, ilikuwa na vita. Serkali ya Mengistu ilikuwa inahamisha mamia ya maelfu ya watu kutoka kaskazini kwenda kusini-magharibi, wengi kwa nguvu, na misaada ilitumika kama chambo. Watu walikuja kutafuta unga, wakajikuta ndani ya lori. Tawi la Ufaransa la Madaktari Wasio na Mipaka lilipolishutumu jambo hilo hadharani, likafukuzwa nchini mwezi wa 12 mwaka wa 1985. Wiki hizo, namba moja kwenye redio za watu wazima Marekani ilikuwa « Say You, Say Me » ya Lionel Richie, mmoja wa watunzi wawili wa « We Are the World ». Lori na uhamisho havikuwemo ndani ya wimbo wa njaa. Wimbo ulisema kuna watu wanakufa, haukusema nani anawaua.

Msomaji wa Bweremana halihitaji darasa hilo, amelisoma kwa miguu. Mwezi wa pili mwaka wa 2024 mapigano yalifika Shasha na kuikata barabara ya taifa namba mbili kati ya Sake na Minova. Familia zilimiminika Bweremana na Minova, zikalala kwenye shule, makanisa na kwa wenyeji ambao wenyewe walikuwa na chakula kidogo. Kati ya Minova na Goma ikabaki njia ya maji. Vyakula vingi vilipita ziwani, na watu pia, wamejazana. Tarehe 3 mwezi wa kumi mwaka huo boti Merdi, iliyotoka Minova, ilizama ikiwa inakaribia bandari ya Kituku, Goma, na watu wengi wakafa huku walio nchi kavu wakitazama. Kisha, mwezi wa kwanza 2025, M23 ikachukua Minova, Sake na Goma kwa siku chache zilizofuatana, na mwezi uliofuata kambi kubwa zilizozunguka Goma zikabomolewa. Watu wakaambiwa warudi walikotoka, wengine hawana tena walikotoka.

Hakuna nyota 40 waliokusanyika usiku kwa ajili ya hayo, na sijui kama ninawatamani. Nilichoona ni kwamba mtu aliyekimbia na godoro na sufuria hataki kuimbiwa kwamba yeye ni maskini. Katika siku mbaya redio ina kazi mbili. Ya kwanza ni kusema barabara gani imefungwa, boti gani imefika, nani anamtafuta mtoto wake. Kwa kazi hiyo lugha si pambo: tangazo la mtoto aliyepotea likisomwa kwa lugha ambayo mama yake haijui, mtoto amepotea mara mbili. Ndiyo maana Radio Okapi, tangu ilipoanza tarehe 25 mwezi wa pili 2002, inasema Kiswahili na lugha nyingine za taifa pamoja na Kifaransa.

Kazi ya pili ni slo. Watu wanacheka nikisema hivyo, lakini angalia vipindi vya salamu vya redio zetu ndogo. Mtu ametoka mlimani, ana siku tatu mahali pageni, na bado anatafuta namna ya kumtumia salamu mke wake aliyebaki upande wa pili wa ziwa, ikifuatwa na wimbo. Hachagui wimbo wa vita, wala wa msaada. Anachagua wa mapenzi, wa zamani, ambao wote wawili waliusikia kabla ya haya yote.

Redio zetu hazina orodha ya kupelekea gazeti. Ni wimbo gani uliopigwa zaidi Masisi mwaka wa 1985, au mwaka wa 2024? Hakuna karatasi inayosema. Kaseti za wakati ule zimeoza, zimeibiwa, zimeachwa nyumbani siku ya kukimbia. Ushahidi uko kwa wazee wenye miaka 60 na kitu, na kwa yule kijana wa spika ndogo pale kwenye boti, ambaye anajua bila kalamu wateja wake wanaomba nini.

Kadi moja ndogo ya simu kwake inabeba nyimbo mamia. Hapangi kwa mwaka wala kwa nchi, na majina ameyaandika anavyoyasikia. Franco amewekwa karibu na George Michael, Sade yuko kati ya kwaya mbili. Mzee akifika anaomba tu « zile za zamani », analipa franga zake, anaweka sikio kwenye spika kuhakikisha kwamba « Mario » haijakatwa. Kuna matoleo mafupi siku hizi, na hayo hayataki.